URAIA HAUPIMWI KWA USO

Ipo kasumba moja ambayo ukoloni uliiacha katika ofisi za nchi hii na ambayo, zaidi ya miaka 60 baada ya Uhuru, bado haijafutika. Nayo ni ile ya kumtazama mtu usoni, kumsikiliza lafudhi, kisha kukata shauri kwamba huyu ni mwenzetu na yule si mwenzetu. Wenye kasumba hiyo hawakosi maneno ya kuipamba. Huiita tahadhari, huiita uzalendo, huiita hata ulinzi wa mipaka. Ukiivua mapambo yake utakuta ni sera ile ile ya mkoloni ya kuwapanga watu kwa rangi na kabila, iliyobadilisha kofia tu.

Mahali ambapo kasumba hiyo huumiza watu ni kama kijiji cha Ololosokwan, katika tarafa ya Loliondo, wilaya ya Ngorongoro. Kijiji hicho kimepakana na Kenya upande wa kaskazini, na upande wa magharibi kimepakana na Hifadhi ya Taifa ya Serengeti. Mstari wa kaskazini haukuchorwa na Wamasai. Ulichorwa na Waingereza na Wajerumani kwa makubaliano yao ya mwaka 1886 na ya mwaka 1890, mezani Ulaya, kwa rula. Ukakata malisho, ukakata njia za maji, ukakata na koo. Wapurko na Waloita wakajikuta wako upande huu na upande ule, bila ya mtu yeyote kuwauliza. Kisha mwaka 1959 serikali hiyo hiyo ya kikoloni ikawaondoa Wamasai waliokuwa wakiishi Serengeti, wengine wakaelekea Ngorongoro na wengine Loliondo. Hivyo basi, watu waliohamishwa na mkoloni kutoka ardhi ya Tanganyika kwenda ardhi ya Tanganyika ndio ambao wajukuu wao huambiwa kwamba ni Wakenya.

Maneno hayo yamesemwa hadharani zaidi ya mara moja, na ni ajabu kwamba husikika zaidi kila mgogoro wa ardhi unapopamba moto. Mwezi Juni mwaka 2022, alama za mipaka ya eneo la kilomita za mraba 1,500 zilipowekwa Loliondo, askari polisi mmoja aliuawa, wakazi walijeruhiwa, na baadhi yao walivuka kwenda Kenya kutafuta matibabu. Baada ya hapo ukaja msako wa wahamiaji haramu. Haki na batili ya mipaka ile ni shauri lenye upana wake, na limezungumzwa sana. Linalohusu hapa ni jambo moja: kwamba katika mabishano ya ardhi, hoja iliyokuwa rahisi kuliko zote kuishika ilikuwa ile ya kusema kwamba mwenye madai si mwananchi.

Hakuna anayebisha kwamba nchi yenye mipaka ina haki ya kujua nani kaingia na nani katoka. Watu wa Narok huvuka na mifugo yao wakati wa kiangazi, na watu wa Loliondo huvuka vile vile, na baadhi ya wavukaji hukaa kuliko inavyoruhusiwa. Sheria ipo, maofisa wapo, na kila mtu mmoja aweza kuulizwa kwa jina lake na kwa ushahidi wake. Lakini kumdai mtu ushahidi ni jambo moja, na kulidai kabila zima ni jambo jingine. La kwanza ni utawala wa sheria. La pili ni kasumba.

Walimu na watumishi wa umma wanaotaka kuitibu kasumba hiyo hawana haja ya kwenda mbali. Yapo maisha ya mtu mmoja ambayo shule zetu huyataja kwa nadra sana, nayo yanatosha kuwa dawa. Mtu huyo ni Ndugu Amir Habib Jamal, ambaye alikaa katika kiti cha Waziri wa Fedha kwa takriban miaka 12, katika vipindi vitatu, na hakuna mwingine katika nchi hii aliyekikalia muda mrefu kama yeye.

Jamal alizaliwa Tanganyika mwaka 1922, katika familia yenye asili ya Gujarat. Alisoma Chuo Kikuu cha Calcutta, wakati ambapo India yenyewe ilikuwa ikipigania uhuru wake, akarudi nyumbani. Angeweza kushika biashara na kukaa kimya, kama walivyofanya wengi waliodhani kwamba siasa ya Mwafrika haiwahusu. Hakufanya hivyo. Mwezi Januari mwaka 1958 mkutano mkuu wa TANU mjini Tabora uliamua, baada ya mabishano makali, kushiriki katika uchaguzi wa kura tatu, uchaguzi wa ajabu uliomlazimisha kila mpiga kura kumchagua Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja. Mkoloni aliutunga mpango ule ili rangi zigombane. TANU ikaugeuza. Ikawaunga mkono Waasia na Wazungu waliokubali kwamba Tanganyika ni nchi ya watu wote chini ya serikali ya walio wengi. Katika Jimbo la Kaskazini, ambamo Umasai wote ulikuwamo, Mwasia aliyeungwa mkono alikuwa mwanamke, Bibi Sophia Mustafa. Na Jamal alikuwa mmoja wa wenzake walioingia katika Baraza la Kutunga Sheria kwa njia hiyo.

Wapo waliochukizwa na uamuzi wa Tabora. Ndugu Zuberi Mtemvu alitoka TANU akaunda chama cha Congress, chenye msimamo wa Afrika kwa Waafrika tu. Wananchi walipopewa nafasi ya kuchagua kati ya misimamo hiyo miwili walichagua, na historia ya chama kile inajulikana.

Liko jambo moja hapa ambalo watu hulipita bila kuliona. Mwalimu Nyerere alipounda serikali ya madaraka mwezi Septemba mwaka 1960, Jamal aliingia akiwa waziri. Lakini TANU yenyewe haikufungua milango ya uanachama kwa wasio Waafrika mpaka baada ya Uhuru. Maana yake ni kwamba mtu huyu alitumikia serikali ya chama ambacho kwa katiba yake kilikuwa hakiwezi kumpa kadi. Alibeba kazi kabla ya kupewa jina. Wako wengi waliokuwa na kadi mfukoni tangu mwanzo ambao hawakubeba kitu.

Mwezi Oktoba mwaka 1961, wiki chache kabla ya bendera kupandishwa, muswada wa uraia ulifikishwa Bungeni. Wakasimama wabunge waliotaka uraia utolewe kwa Waafrika peke yao. Mwalimu aliwajibu kwa ukali ambao waliomsikia hawakuusahau, na akasema waziwazi kwamba muswada ukianguka serikali yake itajiuzulu. Haukuanguka. Ikawa sheria kwamba aliyezaliwa Tanganyika, na mmoja wa wazazi wake naye akawa amezaliwa Tanganyika, atakuwa raia siku ya Uhuru, awe wa rangi yoyote. Na wengine waliokuwa wamefanya makazi hapa wakapewa miaka miwili ya kujiandikisha. Mwezi Januari mwaka 1964 Mwalimu akaenda hatua ya pili: akatangaza kwamba katika utumishi wa serikali hakutakuwa tena na raia wa daraja la kwanza na raia wa daraja la pili, na kwamba anayestahili kazi atapewa kazi. Tangazo hilo halikupendwa na kila mtu. Siku chache baadaye jeshi liliasi, na ingawa maasi yale yalikuwa na sababu zake nyingine, kila aliyekuwa Dar es Salaam wiki ile alijua jinsi msimamo wa namna hiyo ulivyoweza kuigharimu serikali. Msimamo haukubadilishwa.

Katika hali hiyo ndipo mwaka 1965 Hazina ilipokabidhiwa kwa Jamal. Waziri wa kwanza wa Fedha alikuwa Sir Ernest Vasey, Mwingereza aliyekuwa amesimamia fedha za Kenya ya kikoloni. Wa pili alikuwa Ndugu Paul Bomani, mwana wa ushirika wa pamba wa Kanda ya Ziwa. Wa tatu akawa Jamal.

Watu huidhania Wizara ya Fedha kuwa kiti cha enzi, mahali ambapo mtu hukaa akigawa. Waziri wa Fedha wa nchi changa anafanana zaidi na mtunza ghala ambaye funguo zake ziko kwa jirani. Bei ya mkonge hupangwa London. Bei ya kahawa hupangwa New York. Mvua hupangwa na Mwenyezi Mungu. Huku nyuma mawaziri wenzake wote wanagonga mlango, huyu ana zahanati, yule ana barabara, na kila mmoja ana haki. Mwaka ule wa 1965 ulikuwa mwaka wa kumtisha mtu yeyote. Bei ya mkonge, zao lililokuwa likiongoza kwa kuleta fedha za kigeni, ilikuwa imeanza kuporomoka. Ujerumani ya Magharibi ilitaka kuitumia misaada yake ili kuipangia Tanzania uhusiano wake na Ujerumani ya Mashariki. Tanzania ikakataa, na misaada ikaenda. Mwezi Desemba, kwa sababu ya uasi wa Ian Smith huko Rhodesia, Tanzania ikavunja uhusiano wa kibalozi na Uingereza, na mkopo wa pauni milioni 7.5 ukazuiwa. Mpango wa kwanza wa maendeleo wa miaka mitano, ulioanza mwaka 1964, ulikuwa umeandikwa kwa kutegemea kwamba sehemu kubwa ya fedha zake itatoka nje. Kusema hapana kwa wakubwa ni jambo la heshima, na heshima hiyo hulipwa na Hazina. Waziri wa Mambo ya Nje hutoa hotuba, naye Waziri wa Fedha hutafuta mahali pa kuikata bajeti.

Mwaka 1966 Benki Kuu ikafunguliwa, Ndugu Edwin Mtei akiwa Gavana wake wa kwanza, na shilingi ya Tanzania ikachukua nafasi ya ile ya Afrika Mashariki. Tarehe 5 Februari mwaka 1967 likatangazwa Azimio la Arusha, na siku ya pili yake mabenki ya kigeni yakataifishwa, miongoni mwake Barclays, Standard na National & Grindlays. Wakubwa wa mabenki hayo walikuwa na hakika kwamba Watanzania hawataweza kuyaendesha hata kwa mwezi mmoja. Yakaundwa kuwa Benki ya Taifa ya Biashara chini ya Ndugu Amon Nsekela, na vijana waliokuwa makarani jana yake wakakaa kwenye meza za mameneja. Jamal alikuwa mmoja wa waliobeba mazungumzo ya fidia, na Tanzania ikalipa. Mwezi Novemba mwaka huo huo Uingereza iliposhusha thamani ya pauni yake, Tanzania haikuifuata. Ilikuwa miezi 17 tu tangu shilingi izaliwe.

Haya yote yanaweza kuonekana kuwa ni mambo ya Dar es Salaam. Si kweli. Kodi ya kichwa, ambayo mkoloni aliiweka na ambayo serikali huru iliirithi, ilimfikia mfugaji wa Loliondo kwa namna ambayo hakuna ofisa wa mjini aliyeionja. Kwa mtu asiye na mshahara, kodi ya fedha taslimu maana yake ni ng'ombe. Tarehe ya kodi haingojei mnada mzuri, wala haiulizi kama ni kiangazi. Anauza kwa bei ya anayejua kwamba hana budi kuuza. Mwishoni mwa miaka ya 1960, Jamal akiwa Hazina, kodi hiyo ilifutwa, na mwaka 1969 ikaanzishwa kodi ya mauzo, inayomfuata mtu dukani kwa kadiri anavyonunua badala ya kumfuata nyumbani kwa kosa la kuwa na kichwa. Wapo wachumi wanaosema kwamba hatua hiyo ilizinyima halmashauri mapato, na kwamba ilikuwa hatua ya kuelekea kufutwa kwake mwaka 1972. Hoja hiyo ina nguvu. Halmashauri zilirudishwa katika miaka ya 1980 kwa sababu wananchi waliziona kuwa zilikosekana. Lakini aliyewahi kumwona mzee akiuza fahali wa mwisho ili apate stakabadhi hatakuwa na haraka ya kuilaani bajeti ya mwaka 1969.

Kisha ukaja mwaka 1971, na hapa ndipo mtu hupimwa. Mwezi Aprili ilipitishwa sheria ya kutwaa majumba ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000. Sheria haikutaja rangi, lakini wenye majumba wengi walikuwa Waasia, na kila mtu alijua. Jumuiya aliyozaliwa Jamal iliingiwa na hofu. Familia nyingi zikafunga mizigo kwenda Uingereza na Canada. Waziri wa Fedha alikuwa Jamal. Mtu anaweza kuwaza alivyotazamwa na jamaa zake wakati ule, na alivyotazamwa kutoka upande wa pili na wale waliosubiri aonyeshe dalili moja tu ya kuyumba ili waseme: tulisema. Hakuyumba. Alibaki serikalini kwa zaidi ya miaka 10 baada ya hapo. Mwaka uliofuata, mwezi Agosti 1972, Idi Amin alipowafukuza Waasia wa Uganda kwa sababu ya rangi yao na si nyingine, Mwalimu alimlaani hadharani kwa ubaguzi huo, wakati viongozi wengi wa Afrika walinyamaza. Tofauti kati ya hatua hizo mbili ndiyo somo ambalo mwalimu wa siasa anapaswa kulitulia darasani. Dar es Salaam ilitwaa majumba kwa kanuni iliyomhusu kila mwenye nyumba, na inaruhusiwa kubisha kama kanuni ilikuwa nzuri. Kampala ilitwaa watu.

Kati ya mwaka 1972 na 1979 Jamal alizunguka. Alikwenda Biashara na Viwanda, akamwachia Hazina Ndugu Cleopa Msuya. Akarudi Fedha mwaka 1975 hadi 1977. Akaenda Mawasiliano na Uchukuzi, na Hazina ikashikwa na Ndugu Mtei. Ilikuwa miaka ya ukame, ya mafuta kupanda bei, ya kununua nafaka nje, na mwisho wake ya kuvunjika kwa Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 1977. Mpaka wa Kenya ukafungwa na haukufunguliwa tena mpaka Novemba 1983. Huko Ololosokwan soko la ng'ombe lililo karibu lilikuwa kaskazini tangu zamani, na ng'ombe hasomi matangazo ya serikali. Yule aliyempeleka mnyama wake kwa njia ya babu yake akawa mfanya magendo kwa usiku mmoja. Ni haki kusema kwamba Hazina ilipoteza ushuru. Ni haki vile vile kusema kwamba hakuna aliyemwuliza mfugaji huyo atauza wapi badala yake.

Desemba 1979 ndiyo tarehe ambayo wabishi wa uchumi huishika. Vita ya Kagera ilikuwa imekwisha, hazina ikiwa tupu, bei ya mafuta ikiwa imepanda mara ya pili. Shirika la Fedha la Kimataifa lilitaka shilingi ishushwe thamani, matumizi ya serikali yakatwe na udhibiti wa bei ulegezwe. Ndugu Mtei aliona kwamba nchi haina njia nyingine. Mwalimu alikataa. Mtei alijiuzulu, jambo ambalo mawaziri wa Afrika hulifanya kwa nadra na ambalo lastahili heshima. Siku ya mwaka mpya wa 1980 Mwalimu aliwauliza mabalozi tangu lini Shirika hilo limekuwa Wizara ya Fedha ya dunia nzima. Na aliyerudishwa Hazina kubeba matokeo ya swali hilo alikuwa Jamal.

Alibeba mambo mazito. Katikati ya mwaka 1980 mji wa Arusha ulipokea mkutano wa wataalamu wa nchi tajiri na maskini, uliotoa mwito wa mfumo mpya wa fedha duniani. Miezi michache baadaye Jamal mwenyewe alikaa Washington katika kiti cha mwenyekiti wa mkutano wa mwaka wa Benki ya Dunia na Shirika la Fedha, akiongoza kikao cha wakubwa ambao nchi yake ilikuwa ikivutana nao. Mwezi Septemba mwaka huo makubaliano na Shirika yalipatikana. Kabla ya miezi mingi yakavunjika kwa sababu Tanzania haikuweza kukaa ndani ya vipimo vilivyowekwa. Zikafuata foleni. Sabuni, sukari, khanga, mafuta ya taa, vyote vikawa bidhaa za kupewa kwa kibali. Mkataba mwingine na Shirika haukupatikana mpaka mwaka 1986, wakati wa Mzee Mwinyi, na masharti yake hayakuwa laini kuliko yale ya mwanzo.

Je, Jamal alikosea? Yako mambo ambayo Hazina ya miaka ile ilikosea, na kuyaficha si kumheshimu marehemu. Shilingi ilishikiliwa juu ya thamani yake kwa muda mrefu mno, na aliyeumia alikuwa mkulima wa pamba na kahawa, ambaye alilipwa kwa shilingi hiyo. Mashirika ya umma yalikopeshwa kana kwamba hasara haina mwisho. Aliyekuwa waziri hawezi kusema hakuwapo. Lakini angalia kosa hilo ni la namna gani. Ni kosa la sera, lililofanywa kwa pamoja na Chama kizima na serikali nzima, katika miaka ambayo dunia ilikuwa imetugeuzia mgongo. Halikuwa kosa la mkono mrefu. Masharti ya uongozi ya Azimio la Arusha yalimkataza kiongozi mishahara miwili, hisa na nyumba za kupangisha. Na mtu aliyekaa karibu na kasha la Taifa kwa miaka 12 hakuacha nyuma yake hadithi ya utajiri. Ni mawaziri wangapi wa fedha barani Afrika wanaoweza kusemwa hivyo?

Wakati ule Hazina ikiwa kwa Jamal, Waziri Mkuu alikuwa Ndugu Edward Moringe Sokoine, Mmasai wa Monduli. Walikaa katika baraza moja la mawaziri hadi Novemba 1980, na tena mwaka 1983. Mtu mwenye asili ya Gujarat na mtu wa ukoo wa wafugaji, mmoja akiwa na kasha na mwingine akiwa na rungu la serikali, chini ya Rais Mzanaki. Ofisa wa leo mwenye kasumba ya nyuso angewasimamisha wote wawili mlangoni awaulize vitambulisho.

Mwenye kasumba naye hujitetea. Husema Jamal alikuwa Mhindi mmoja mwema, na mmoja hawezi kuwa kanuni. Husema wapo Waasia walioficha fedha nje na bidhaa ghalani. Ndiyo, walikuwapo. Sokoine alipoanzisha vita dhidi ya wahujumu uchumi mwaka 1983 walikamatwa watu wa kila rangi na kila kabila, wenye maduka pamoja na watumishi wa mashirika ya umma waliowauzia kwa mlango wa nyuma. Kosa lilibebwa na aliyetenda. Husema tena kwamba Jamal alikuwa msomi, lakini huyu mfugaji hata Kiswahili hakimtoki sawasawa. Hoja hii hutolewa mara nyingi na watu wazima wenye vyeti, na ni ya kuwaonea haya. Sheria ya Uraia ya mwaka 1995 hudai ujuzi wa Kiswahili au Kiingereza kwa mgeni anayeomba uraia wa tajnisi. Haidai hivyo kwa aliyezaliwa raia. Bibi kizee wa Ololosokwan asiyejua zaidi ya Kimasai ni raia kamili kama Jaji Mkuu, na kama hajui Kiswahili, mwenye deni hapo ni serikali ambayo haikumpelekea darasa la kisomo.

Na liko jambo la kushangaza zaidi. Tangu mwanzo wa miaka ya 1990 kitalu cha uwindaji cha Loliondo kilikabidhiwa kampuni yenye mizizi katika Falme za Kiarabu. Kampuni hiyo ilipewa leseni kwa sheria, na sheria ndiyo iliyotazamwa: karatasi, ada, sahihi. Hakuna aliyeitazama uso. Ni nini basi kinachomfanya ofisa yule yule, akigeuka kumtazama mwenye boma lililo ndani ya kitalu hicho, aziache karatasi na kuanza kutazama shuka, masikio na lafudhi?

Kazi ya kujibu swali hilo imewaangukia, kama ilivyo kawaida, watumishi wa chini kuliko mawaziri. Katika wilaya za mpakani mwombaji wa kitambulisho cha Taifa huhojiwa zaidi kuliko wa Dodoma au Morogoro, na mashahidi wa kwanza wanaotafutwa ni mtendaji wa kijiji na mwalimu. Mtendaji huandika barua. Mwalimu ana kitu chenye nguvu kuliko barua, nacho kimo kabatini mwake. Elimu ya msingi kwa wote ilipoanza kutekelezwa mwaka 1977, watoto waliandikishwa darasa la kwanza nchi nzima, pamoja na vijiji vya wafugaji vilivyokuwa mbali na barabara, na rejesta za miaka ile ziliandikwa kwa mkono, safu kwa safu: jina la mtoto, jina la baba, umri, kijiji. Wengi wa watoto hao sasa ni wazee wanaoambiwa walete ushahidi. Rejesta nyingi zimeliwa na mchwa, nyingine zimelowana, nyingine zilitupwa mwalimu mkuu alipohama. Zile zilizosalia ni ushahidi, na ofisa anayemtilia shaka mwombaji wa Ololosokwan ana wajibu wa kuomba rejesta hiyo ifunguliwe kabla hajauliza lolote kuhusu uso wa mtu.